Adrian Kohler na vikaragosi vinavyopumua

Msimu wa siasa ukifika, neno kikaragosi halikosi kusikika barazani. Fulani ni kikaragosi cha fulani, husemwa, na wote wanaosikiliza huelewa bila ya kufafanuliwa: hana kauli, hana mwendo wake, akivutwa kamba huku huja, akivutwa kule huenda. Mimi mwenyewe nimelitumia neno hilo mara nyingi, na sikuwahi kujiuliza kama linawatendea haki vikaragosi wenyewe.

Nilipoanza kufuatilia kazi ya Adrian Kohler, fundi wa vikaragosi kutoka Afrika Kusini, ndipo nilipoanza kuona kwamba tusi letu limekosea. Makala haya ni maelezo ya maisha ya kazi yake, kwa wasomaji ambao huenda wameona farasi wake au yule msichana wake mrefu kwenye simu bila kujua ni kazi ya nani. Mwishoni nitasema kwa nini nadhani habari zake zinatuhusu sisi watu wa Pwani.

Kwanza neno lenyewe. Kikaragosi linatukumbusha Karagöz, mchezo wa vivuli wa Waturuki, ambapo vipande vya ngozi iliyokatwa na kutiwa rangi huchezeshwa nyuma ya kitambaa chenye taa. Maana ya Karagöz kwa Kituruki ni jicho jeusi, nalo ni jina la mhusika mkuu wa mchezo. Mwaka 2009 UNESCO iliuingiza mchezo huo katika orodha ya urithi wa utamaduni wa binadamu. Ajabu ni kwamba huyo Karagöz si mtu wa kutumwa hata kidogo. Ni maskini mwenye mdomo, anayewacheka wakubwa na wasomi mbele ya watu. Jina lilipofika kwetu likageuka kuwa la mtu asiye na mdomo.

Alikotoka

Adrian Kohler alizaliwa mwaka 1951 na kukulia Redhouse, karibu na Port Elizabeth, Afrika Kusini. Mama yake alikuwa akichezesha vikaragosi kwa mapenzi yake tu, si kwa mshahara, na baba yake alikuwa seremala wa vyombo vya nyumbani. Ukiitazama kazi ya mtoto wao utawaona wazazi wote wawili ndani yake: mchezo wa mama, na kiungo cha mbao cha baba kilichopimwa kikakaa sawasawa.

Alisomea sanaa katika skuli ya Michaelis ya Chuo Kikuu cha Cape Town. Huko ndiko alikokutana na Basil Jones, ambaye amefanya naye kazi mpaka leo. Ugawaji wao wa kazi ni rahisi kueleza. Kohler ndiye mchoraji na mchongaji, Jones ndiye mwendeshaji na mwenye kuisemea kazi yao mbele ya watu, na wote wawili wamepanda jukwaani kuvichezesha vikaragosi hivyo. Miaka ya mwisho ya 1970 waliishi Botswana, Kohler akifanya kazi katika mpango wa michezo ya kuigiza ya wananchi, na Jones katika jumba la makumbusho la taifa mjini Gaborone.

Mwaka 1981 walirudi Cape Town, na pamoja na wenzao wawili waliosoma nao, Jill Joubert na Jon Weinberg, wakaanzisha kampuni waliyoiita Handspring Puppet Company. Miaka ya mwanzo ilikuwa ya kuzunguka maskulini na michezo ya watoto. Kazi hiyo ni ngumu kuliko inavyodhaniwa. Mtoto akichoka hana adabu ya kujifanya anatazama, na fundi anayeweza kuwashika watoto mia kwenye ukumbi wenye joto ameshafuzu nusu ya chuo.

Mwaka 1985 kampuni ilitoa mchezo wake wa kwanza wa watu wazima, Episodes of an Easter Rising. Nchi ilikuwa ndani ya ubaguzi wa rangi, na watu wengi waliamini, kama wengi wetu tunavyoamini hapa, kwamba kikaragosi ni kitu cha watoto. Kohler na Jones hawakuirudia imani hiyo tena. Baadaye wakahamia Johannesburg.

Mashahidi wa mbao

Huko Johannesburg ndiko walikoanza kufanya kazi na William Kentridge, mchoraji anayejulikana kwa picha zake za makaa, ambazo huzichora, huzifuta na kuzichora tena mpaka zikatembea kama filamu. Kentridge aliongoza, picha zake zikaonyeshwa nyuma ya jukwaa, na vikaragosi vya Kohler vikacheza mbele yake. Mwaka 1992 walitoa Woyzeck on the Highveld, ambapo askari maskini wa tamthilia ya Mjerumani Georg Büchner aligeuzwa kuwa kibarua mhamiaji wa Johannesburg. Mwaka 1995 ikafuata Faustus in Africa.

Kazi yao ninayoiona kuwa nzito kuliko zote ilikuja mwaka 1997. Mwaka mmoja kabla, Tume ya Ukweli na Maridhiano chini ya Askofu Desmond Tutu ilikuwa imeanza kuwasikiliza wananchi. Akina mama walisimama mbele ya umma wakaeleza jinsi watoto wao walivyouawa. Mwandishi Jane Taylor, pamoja na Kentridge na kampuni ya Handspring, wakatengeneza mchezo uitwao Ubu and the Truth Commission, na ndani yake wakaweka ushahidi halisi uliotolewa mbele ya tume.

Hapo palikuwa na swali zito la adabu. Mama yupo hai, jana ametoa ushahidi wa mwanawe. Leo mwigizaji apande jukwaani, ajifanye ni yule mama, alie machozi ya kuazima, apigiwe makofi? Jibu lao lilikuwa kwamba mashahidi wote wawe vikaragosi. Kohler akachonga nyuso za mbao. Kila shahidi alishikwa na wachezeshaji waliokuwa wakionekana wazi, na maneno yake yakatafsiriwa na mtu aliyeketi ndani ya kibanda cha vioo, kama ilivyokuwa kwenye tume yenyewe. Watesaji, Ubu na mkewe, wakaigizwa na watu wa damu na nyama.

Kikaragosi hakidai kuwa ndicho yule mama. Kila anayetazama anajua ni mbao. Kwa kuwa hakidanganyi, kinaweza kuyabeba maneno yake bila ya kumwibia uchungu wake. Katika mchezo huo huo kulikuwa na mamba ambaye kazi yake ilikuwa kumeza karatasi za ushahidi, na sidhani kama Mkenya yeyote angehitaji kufasiriwa mamba huyo.

Nilipoyasoma haya niliikumbuka tume yetu wenyewe, ile ya Ukweli, Haki na Maridhiano, iliyokaa vikao hadi huku Pwani na kukabidhi ripoti yake Mei 2013. Wazee wetu walisimama wakasema habari za ardhi. Maneno yao yamo ndani ya mabuku ambayo watu wachache sana wameyafungua.

Twiga, kisha farasi

Mwaka 2004 Handspring ilishirikiana na kundi la Sogolon la Yaya Coulibaly kutoka Mali, nchi yenye jadi kubwa ya vikaragosi, wakatoa Tall Horse. Mchezo huo unasimulia kisa cha kweli cha twiga aliyenaswa Sudan, akapelekwa na mtawala wa Misri, Mehmet Ali, kuwa zawadi kwa Mfalme Charles wa Kumi wa Ufaransa, na mwaka 1827 akatembezwa kwa miguu kutoka Marseille mpaka Paris. Watu wa Malindi hawatashangazwa na kisa hicho, kwani mji wao ulipeleka twiga kwa mfalme wa Uchina mwaka 1415. Kohler alimtengeneza twiga wake mrefu kupita mtu mara kadhaa, na watu wawili wakatembea ndani yake juu ya magongo marefu.

Twiga huyo ndiye aliyewafungulia mlango wa London. Tom Morris wa National Theatre alikuwa akitafuta hadithi itakayompa mnyama wa namna hiyo nafasi ya mhusika mkuu. Akaipata katika riwaya ya Michael Morpurgo ya mwaka 1982, War Horse, inayomhusu farasi aitwaye Joey, aliyenunuliwa na jeshi la Uingereza na kupelekwa katika Vita Vikuu vya Kwanza. Tamthilia hiyo ilianza kuonyeshwa Oktoba 2007.

Nieleze jinsi farasi huyo anavyoundwa, kwa kuwa mafundi wetu wataelewa upesi kuliko mimi. Kiunzi chake ni cha henzerani, ile ile ya viti na ya fimbo za madarasani, iliyoroweshwa maji ikapindwa. Kuna mbao nyembamba za tabaka, alumini, waya za kuvutia, na kitambaa chepesi kinachopitisha mwanga badala ya ngozi. Masikio ni ya ngozi. Mwanadamu anaweza kumpanda na kwenda naye.

Wachezeshaji ni watatu. Mmoja hutembea pembeni akishika kichwa, naye huyageuza masikio kwa vidole, kwa vishikizo mfano wa breki za baiskeli. Wa pili yumo ndani kwenye kifua, anaitwa moyo, na ndiye mwenye miguu ya mbele. Wa tatu yumo nyuma, ana miguu ya nyuma na mkia. Hakuna anayemwamuru mwenzake. Hawazungumzi. Sauti ya mlio wa farasi huitoa wote watatu kwa pamoja, kwa kuwa pafu la farasi ni kubwa kuliko pafu la mtu mmoja. Akisimama hafanyi kitu, anapumua tu: aliye kifuani hukunja magoti kidogo na kuyanyoosha, na kifua chote hupanda na kushuka. Mtu wa Lamu aliyekua na punda anajua masikio yanavyosema kabla ya mnyama hajatikisika. Kohler na wenzake waliwasoma farasi hivyo, sikio kwa sikio, kabla ya kukata henzerani.

Jones ameieleza siri ya kazi hii katika hotuba yao ya mwaka 2011, ambayo unaweza kuitazama hata kwenye simu, Joey mwenyewe akiingia jukwaani. Kwa ufupi anasema kwamba mwigizaji akitakiwa kufa jukwaani ana taabu, maana yeye yu hai na kila mtu anajua. Kikaragosi kina taabu kinyume chake, kwani ni mfu, na kila dakika hupigania kuishi. Pumzi ndiyo silaha yake ya kwanza. Nayo haiji ila watu watatu wakubali kupumua pamoja. Wajapani wana jadi ya zamani, bunraku, yenye watu watatu kwa kikaragosi kimoja, na Handspring imejifunza mengi kutoka kwao.

Sasa lirudie lile tusi letu. Nani anamtawala nani hapo? Wachezeshaji wanaonekana, lakini macho yao yote yanamtazama farasi, na kwa hiyo macho yetu nayo yanamwendea farasi. Wao ndio wanaomtumikia.

Mwaka 2011 mchezo ulifika New York na ukapata tuzo tano za Tony, na Handspring ikapewa tuzo maalumu juu ya hizo. London ulichezwa katika ukumbi wa New London Theatre kuanzia 2009 hadi 2016.

Na hapa pia nina kumbukumbu ya kwetu. Vita hivyo hivyo vilipiganwa Afrika Mashariki, lakini mbung'o waliwaua farasi na nyumbu kwa wingi, na mizigo ikabebeshwa watu. Maelfu kwa maelfu walikufa kwa maradhi na njaa wakiwa wachukuzi, na jina lao limebaki katika Kariakoo ya Dar es Salaam na Kariokor ya Nairobi. Mombasa tunazo sanamu za ukumbusho wao barabarani, na tunazipita kila siku tukiwahi matatu. Uingereza ilimlilia farasi wake kwa henzerani na kitambaa. Mchukuzi wetu bado hajapandishwa jukwaani kwa namna hiyo.

Amal

Kazi iliyomfikisha Kohler mbele ya watu wengi zaidi haikuhitaji tikiti. Ni msichana wa urefu wa mita 3.5, aliyeundwa kwa henzerani na nyuzi za kaboni ili awe mwepesi. Jina lake ni Amal, neno la Kiarabu lenye maana ya tumaini. Katika hadithi yake ni mtoto mkimbizi wa Syria anayemtafuta mama yake. Mmoja hutembea ndani yake juu ya magongo, na mikononi ana nyuzi nyingi za kumgeuza uso na macho. Wengine wawili hushika mikono yake.

Julai 2021 Amal aliondoka Gaziantep, Uturuki, karibu na mpaka wa Syria, akatembea kilomita 8,000 na kufika Manchester, Uingereza, mwezi wa Novemba. Mwongozaji wa safari alikuwa Mpalestina Amir Nizar Zuabi. Vatikani alipokewa na Papa Francis. Larissa, Ugiriki, alipigwa mawe. Lifikirie hilo: watu wazima wanakirushia mawe kikaragosi cha mtoto. Hawakumrushia mawe mtu asiye na kauli. Walirusha kwa sababu alikuwa anasema jambo wasilotaka kulisikia, na hakuwa amefungua mdomo.

Mombasa tunamfahamu Amal. Alikuwa Utange miaka ya 1990, na Swaleh Nguru pamoja na Wabarawa waliokimbia vita vya Somalia wakiwa na lugha yetu mdomoni. Dadaab yuko tangu 1991. Baadhi ya wanaosoma safu hii ndio yeye, au ni watoto wake.

Kohler sasa ni mzee, lakini kazi imepata warithi. Vijana waliojifunza mikononi mwa Handspring waliunda kundi lao huko Cape Town, Ukwanda, na ndio waliotengeneza wanyama wa kwanza wa msafara wa The Herds, ulioondoka Kinshasa Aprili 2025 kuelekea kaskazini ya mbali ya Norway kuzungumzia tabia ya nchi. Safari hii malighafi ilikuwa makaratasi magumu ya maboksi na mbao nyembamba.

Na sisi je?

Najua kuna wasomaji ambao wamefika hapa wakiwa na neno moja moyoni: sanamu. Mimi si mufti, na wanavyuoni wana kauli zao tofauti ambazo ni haki kwenda kuwauliza. Nakumbusha tu jambo ambalo wengi tulilisikia chuoni, kwamba Bibi Aisha, radhi za Allah ziwe juu yake, alikuwa na vitoto vya kuchezea, na kwamba katika vitu vyake, kama ilivyopokewa na Abu Daud, alikuwemo farasi mwenye mbawa za matambara. Mtume, rehema na amani zimshukie, alipomwuliza na kusikia jibu lake, alicheka.

Pingamizi la pili ni kwamba hii si kazi. Kenya imeshaonyesha kuwa ni kazi. Katika miaka ya 1990 vikundi vya vikaragosi vya CHAPS vilizunguka nchi vikifundisha juu ya Ukimwi, kwa sababu kikaragosi kiliweza kutamka hadharani yale ambayo mtu mzima huona haya kuyatamka mbele ya wakwe. Mwaka 2009 Gado, mchora katuni aliyezaliwa Dar es Salaam, alianzisha XYZ kwenye televisheni, na wanasiasa wakajiona wakichekwa na vikaragosi vyao wenyewe. Huyo ndiye Karagöz wa asili, amerudi na mdomo wake.

Mikono tunayo. Fundi wa Matondoni anayeupinda ubao wa jahazi hana cha kuogopa katika shingo ya farasi. Wasusi wetu, wachongaji milango, washona kofia, wote wana kipande cha ufundi ambao Kohler alikuwa nao nyumbani kwa baba yake. Visa tunavyo pia, na vitatu nimevitaja: mzee aliyesema habari za shamba lake mbele ya tume, mchukuzi aliyekufa chini ya mzigo, na mtoto wa Kibarawa aliyeshuka kwenye jahazi pale bandarini. Kinachokosekana ni pahala pa kuwakutanisha fundi na mwenye kisa. Vyuo vyetu vya ufundi vinafundisha kiti na kabati. Hakuna kinachowazuia walimu wake kumpa kijana mmoja henzerani na kumwambia, tengeneza punda anayepumua. Kaunti zinazotenga fedha za tamasha kila mwaka zinaweza kumlipa kijana huyo angalau nauli na chakula wakati akijaribu.

Wahenga walisema mcheza kwao hutunzwa. Kohler alianza kwa kutunzwa na mama aliyecheza na baba aliyeranda mbao. Mimi kwa upande wangu nimeamua kuacha kumwita mwanasiasa yeyote kikaragosi. Nimeona kikaragosi kinavyohitaji watu watatu waliokubaliana, wanaosikilizana na kupumua pamoja ili kiweze kusimama. Siasa zetu hazijafika hapo.